Haidhuru si Halidhuru

Kisauni, masika ya 1947

Jumatatu, 24 Machi

Mvua ya kwanza imenikuta na shuka thelathini na mbili kambani, zote za hoteli. Mimi na Jerioth tulizikwanyua kama watu wanaookoa vyombo nyumba ikiungua, na bado tisa zikaingia matopeni. Kesho zitarudi karaini.

Ila si mvua iliyonishikisha kalamu. Nilipokuwa naokota vibanio upande wa nyuma nikaona vijiti vinne vimechomekwa ardhini, vimefungwa vitambaa vyekundu, kwenye kile kiwanja cha mawe kilicho kusini mwa kamba zangu. Nilimwendea Mzee Hadi, maana kisima tunachochota sote ni chake, na hakuna mguu unaopita hapa asioujua. Akasema walikuja watu wawili na vyombo vya kupimia, wakapima, wakaenda zao.

"Hukuwauliza wanapima nini, Mzee?"

"La, mwanangu. Mgeni haulizwi lililomleta kabla hajapoa. Niliwaangushia madafu."

Madafu. Nilirudi kwangu.

Huu ni mwaka wangu wa kumi na moja hapa. Nilikuja kutoka Rabai na karai moja na pasi ya makaa ya kuazima, mume wangu akiwa amefia bandarini, na sasa nina kamba saba, pasi sita, na Jerioth anayefua nami. Sijapata kuona heri iliyoletwa na kijiti chenye kitambaa chekundu.

Alhamisi, 27 Machi

Karatasi imepigiliwa misumari kwenye mnazi ulio mbele ya duka la Yeslam. Kiingereza kitupu. Watu wameizunguka, hakuna anayejua kama ni harusi au msiba.

Kiingereza changu ni cha jikoni na cha sabuni, nilikiokota kwa memsahibu niliyemfulia kule Nyali. Nimeisoma mara tatu mpaka nikaipata. Kuna Kampuni inaomba ruhusa ya kuvunja mawe kwenye kile kiwanja na kujenga tanuu la chokaa. Afisa atakuja Kisauni tarehe 10 Aprili. Jirani mwenye neno alilete siku hiyo. Asiye na neno, ruhusa itatoka.

"Mama Povu, umetusomea vizuri," akasema Thoya, mgema wetu, ambaye hakuna jina la mtu asilolichezea. "Sasa tusomee na jibu."

"Jibu utalitoa wewe siku hiyo."

"Miye nitalala mbele ya lori. Waandike hilo, kwa Kiingereza."

Watu walicheka. Mimi nilimpenda kwa hilo. Kisauni imejaa watu wa "tutaona".

Jumapili, 30 Machi

Mahubiri ya leo yalikuwa juu ya subira. Sikuyapenda.

Jumatano, 2 Aprili

Nimekaa na hesabu ya upepo. Wapimaji walikuja mwisho wa kaskazi, na kwa upepo ule moshi wote ungekimbilia upande wa mkono wa bahari, mbali nasi. Lakini kusi ikianza, na haikawii, itauchukua moshi huo huo na kuuleta kwanza kwenye kamba zangu, kisha nyumbani kwa Mzee Hadi, kisha msikitini. Na kusi haiji kwa wiki moja, inakaa karibu nusu ya mwaka. Nimeuchora mchoro kwa kaa juu ya meza ya kupigia pasi. Jerioth akautazama, akasema, "Na maji? Baruti ikitikisa mwamba, kisima kitabaki kama kilivyo?" Hilo sikuwa nimelichora.

Jumamosi, 5 Aprili

Tumekaa barazani kwa Mzee Hadi. Tangu mgomo wa Januari watu wanaogopa kuonekana wamekusanyika, kwa hiyo tulikwenda wawili wawili, kama tunaomzuru mgonjwa. Ilikubaliwa hivi: Mzee ataanza, kwa kuwa umri ni wake na kisima ni chake, amsalimu afisa na kumkaribisha. Kisha mimi niseme ya moshi na ya maji. Kisha Thoya aseme ya malori kwenye njia ya watoto.

Nilisema afadhali nianze mimi, wakubwa hawana saa za kutosha. Mzee akanitazama kwa upole, upole wake ule unaomfanya mtu ajione amekosa adabu. "Bi Florence, neno lina mlango wake. Mtu haingii kwa dirisha."

Wote wakasema ndiyo.

Alhamisi, 10 Aprili

Naandika ningali na hasira, na sijui hata namkasirikia nani.

Karatasi ilisema saa nne. Afisa alifika saa nane na nusu, mvua inapiga bati la baraza kiasi cha kumfanya mtu apige kelele ili asikiwe na aliye ubavuni mwake. Kijana, shingo nyekundu, buti zimejaa matope. Nyuma yake karani Ruwa amebeba mwavuli na mafaili. Ruwa namjua tangu shule ya misheni Ribe, tulikaa deski moja. Alipofungua mdomo atafsiri, afisa akamzuia kwa mkono. Kumbe juzi amefaulu mtihani wa Kiswahili na hataki mtu wa kati.

Akasimama pale pale ukingoni, akasema kwa nguvu, kwa mkupuo mmoja, "Hamjambo wote. Mimi nachelewa sana, barabara ni mbaya, nasumbua ninyi kungoja. Mtaniwia radhi. Sasa, hii tanuu, itadhuru ninyi?"

Mzee Hadi alikuwa amekwisha kuinuka, mkono kifuani. Mgeni kamtaka radhi. Jibu la radhi linajulikana hata na mtoto anayejifunza kutembea. "Haidhuru, bwana, haidhuru. Pita ndani kwanza, kahawa iko tayari."

Afisa akatabasamu. Akatoa kalamu, akaandika. Nilidhani anaandika jina la Mzee. Mwanabibi, mke wa Mzee, akaleta kahawa, afisa akanywa nusu kikombe hali amesimama, akasema, "Nimesikia. Asante sana," akaingia garini kabla sinia halijamfikia Ruwa.

Ruwa aligeuka akanitazama. Alitazama kama mtu aliyeona nazi inadondoka na hajui amwambie nani ajihadhari. Kisha naye akapanda.

Tukabaki tumekaa.

"Amekwenda chooni?" akauliza Thoya.

"Ataregea," akasema Mzee. "Mtu hakati shauri angali wima, tena kwa nusu kikombe."

Tulingoja mpaka adhana ya magharibi. Maneno yangu ya moshi na maji nimerudi nayo nyumbani kama nilivyokwenda nayo.

Ijumaa, 11 Aprili

Hakuja. Mvua.

Jumamosi, 12 Aprili

Hakuja. Mzee ametuma mtu dukani kwa Yeslam anunue kahawa nyingine, kwa ajili yake.

Jumatatu, 14 Aprili

Hakuja. Mvua. Shuka zimekaa kambani siku ya pili, zinanuka unyevu.

Jumatatu, 28 Aprili

Malori mawili yamekuja kabla ya jua. Moja limebeba vyuma, jingine magogo ya mikoko marefu kama nguzo za nyumba. Nilimkuta Thoya njiani na kibuyu chake, nikamwambia lori hilo hapo, lala.

"Leo pana matope, dada," akasema.

Waliokuwapo walicheka. Mimi sikucheka.

Jumatano, 30 Aprili

Nimevuka daraja la Nyali na furushi la hoteli kichwani, nikalifikisha, kisha nikaenda ofisini kwa yule afisa. Nilikaa kwenye benchi tangu saa tatu. Ruwa aliponiona alijifanya ananipeleka kunionyesha lilipo bomba la maji.

"Ruhusa imetoka," akaniambia.

"Itokaje, nasi hatujasema?"

"Mmesema. Imeandikwa: wenyeji waliulizwa mbele ya nyumba ya mkubwa wao kama tanuu litawadhuru, na mkubwa wao akajibu, mara mbili, kwamba haidhuru."

Nilihisi kama mtu aliyeshika pasi upande wa moto. "Ruwa, wewe ni mtu wa pwani. Ulisikia alichojibu."

"Nilisikia. Angekuwa anasema tanuu angesema halidhuru. Mzee Hadi hawezi kukosea kitu hicho hata akiwa usingizini. Alisema haidhuru. Alikuwa anajibu radhi."

"Na ukanyamaza."

"Dada Nyevu, aliniambia hanihitaji. Nimkosoe Kiswahili chake garini, sisi wawili tu, siku tatu baada ya kufaulu?" Akafungua bomba ili watu wadhani tunachota. "Sikia. Shauri laweza kufunguliwa tena. Lakini si na wewe, wala si na mimi. Lazima aje yule aliyesema lile neno, aseme kwa mdomo wake kwamba hakueleweka. Kabla ya katikati ya Juni."

Njia nzima ya kurudi nilikuwa naliona jambo hili kuwa jepesi. Neno moja, mtu mmoja, safari ya nusu siku.

Ijumaa, 2 Mei

Si jepesi.

Nilikwenda baada ya sala ya Ijumaa. Shikamoo, marahaba mwanangu, kahawa, hali ya Jerioth, hali ya mvua. Nikavumilia yote hayo. Kisha nikamweleza, pole pole, tangu bomba la Ruwa mpaka tarehe ya mwisho. Alisikiliza mpaka mwisho bila kunikatiza. Nilipomaliza akazungusha kikombe chake mara mbili.

"Wataka nende nimwambie mgeni wangu, mbele ya makarani wake, kwamba hakusikia."

"Hakusikia, Mzee."

"Najua hakusikia. Nakuuliza kama ni miye wa kumwambia."

"Hakuwa mgeni. Alikuwa afisa."

"Aliponywa kahawa yangu alikuwa mgeni."

"Nusu kikombe."

"Hata angegusa kwa ulimi." Akaweka kikombe chini. "Babangu alikaa baraza hii miaka arobaini, na hakuna mtu aliyetoka hapa ameaibishwa. Watu wawili wakigombana walikuja kupatana hapa, kwa kuwa walijua hapa hapana mtu atakayevuliwa nguo. Leo nende ofisini nikamvue nguo kijana wa watu kwa sababu ya lugha?"

Nilimwambia ni yeye aliyevuliwa nguo, na sisi sote pamoja naye. Nilimwambia neno lake limechukuliwa, limegeuzwa kuwa sahihi yetu, nasi hatujafungua mdomo. Nilisema mengi. Mwisho nikasema lile ambalo nililitengeneza tangu njiani: "Basi siku maji yakituishia, Mzee, tutachota heshima yako."

Mwanabibi alikuwa nyuma ya pazia. Nilisikia bangili zake zikikoma.

Mzee akainuka. Mvua ilikuwa inanyesha, akachukua mwavuli, akanisindikiza mpaka langoni mwangu, yeye akilowa bega moja. Ule mwavuli uliniudhi kuliko maneno yake. Namwona sasa kuwa mtu aliyejificha ndani ya adabu kama kobe ndani ya gamba, na sisi wengine hatuna gamba.

Jumanne, 6 Mei

Baruti ya kwanza. Pasi mbili zimeanguka kutoka rafuni, kuku wa Jerioth hawajarudi.

Alhamisi, 8 Mei

Baruti. Mvua.

Ijumaa, 9 Mei

Baruti.

Jumanne, 13 Mei

Kusi imeshika. Wamewasha tanuu leo alfajiri, na kabla ya saa tatu moshi ulikuwa umelala juu ya kamba zangu sawasawa na mchoro wangu wa kaa. Vumbi la chokaa likigusa shuka mbichi haling'olewi, linashika kama upele. Shuka kumi na nane zimefuliwa mara mbili na bado ukipitisha kiganja unahisi changarawe. Kuwa sahihi hakunifurahisha hata kidogo.

Jumatatu, 19 Mei

Jerioth ameniita kisimani asubuhi. Amesugua mche wa sabuni mpaka umebaki nusu, na hakuna povu. Utando mweupe tu juu ya maji, kama maziwa yaliyokatika. Nikaonja. Mwamba umepasuka mahali fulani huko chini, na maji yanapita penye mawe yaliyovunjwa kabla ya kutufikia.

"Tutafulia maji ya mvua," nikamwambia. Tumetega mapipa manne chini ya bati.

"Na mvua ikikatika?"

Nikamwambia aendelee kusugua.

Jumamosi, 24 Mei

Hoteli imerudisha mzigo wote. Msimamizi wao hakupiga kelele, ningependa angepiga. Alinishikisha foronya moja, akapitisha kidole chake juu yake, akanionyesha kidole. Kazi wamempa dobi wa kule Majengo. Miaka sita nimewafulia bila doa.

Jumatatu, 26 Mei

Thoya amekuwa nyapara wa Kampuni. Amepewa filimbi. Nimemwona anawapanga wavunja mawe mstari, na filimbi imening'inia kifuani kama hirizi. Aliponiona alipunga mkono, akasema kwa sauti watu wasikie, "Mama Povu, povu li wapi?" Nikaendelea na njia yangu. Na huyu ndiye niliyempenda kwa maneno yake. Nimejifunza kwamba mtu aliye tayari kulala mbele ya lori ni yule ambaye hajaona lori.

Alhamisi, 29 Mei

Baruti. Mvua imepungua. Mapipa mawili tu yamejaa.

Jumapili, 1 Juni

Hili nimelipata kwa Mwanabibi, aliyekuja uani kwangu jioni, yeye ambaye hakuja tangu ile siku ya bangili.

Jana walipata wageni kutoka Malindi, watu wa upande wa posa ya binti yao wa mwisho. Watu wazima wanne, pamoja na babu wa kijana. Kahawa ilipikwa kama inavyopikwa siku zote nyumba ile, kwa tangawizi na karafuu, na kwa maji ya kisima, maana Mzee hawezi kuamini kwamba kisima cha babake kimeharibika, husema ni kelele za madobi. Babu akanywa funda moja. Akakiweka kikombe juu ya sinia. Wengine wakatazama kikombe cha babu, nao wakaweka vyao. Hakuna aliyesema kitu. Walizungumza mpaka adhuhuri na vikombe vinne vimejaa mbele yao.

"Na Mzee?"

"Aliwasindikiza mpaka barabarani," akasema Mwanabibi. "Aliporejea alikaa akanywa vyote vinne. Peke yake. Nikamwambia vimepoa, akasema haidhuru." Akazungusha bangili zake. "Kisha akajisikia alivyosema."

Jumatatu, 2 Juni

Hodi, kabla ya jua. Nilipofungua nikamwona Mzee Hadi amevaa kanzu ya Idi na koti jeusi juu yake, fimbo mkononi.

"Shikamoo, Mzee."

"Marahaba. Ndia hini ya ofisini, twapita daraja au twapanda mashua? Siku nyingi sijavuka."

Nilimtazama. Macho yake yalikuwa mekundu. Nilimwambia tutapita daraja, nikaenda kutafuta viatu vyangu.

Alitembea njia nzima bila kupumzika. Ofisini walimkalisha kwenye benchi kama walivyonikalisha mimi, naye akakaa wima, mikono juu ya fimbo, mpaka saa saba. Kila karani aliyepita alimsalimu yeye kwanza. Ruwa ndiye aliyeandika ombi lake. Mzee akayasoma maneno yale kwa Kiswahili, akarekebisha herufi moja, akatia sahihi yake kwa maandishi ya Kiarabu.

Tunarudi, penye daraja, nikataka kumwomba radhi kwa yale ya tarehe mbili Mei. Akainua mkono. "Yale yalikuwa ya kweli. Usiyafute."

Alhamisi, 12 Juni

Afisa amekuja. Saa nne kamili.

Safari hii Ruwa alisimama mbele, si nyuma. Na safari hii hapakuwa na sinia. Mzee alimpa afisa kiti, akabaki amesimama, mkono kifuani. "Sina cha kukupa, bwana. Maji ni yale uyaonayo." Niliona jinsi ilivyomgharimu. Afadhali angevuliwa kanzu.

Kisha akasema, nami nayaandika kama yalivyotoka: "Siku ile, bwana, ulinitaka radhi kwa kuchelewa, nikakwambia haidhuru. Nilikuwa nakujibu weye. Sikuwa najibu tanuu. Tanuu ningelisema halidhuru, na neno hilo sikulisema, wala silisemi. Linadhuru."

Afisa alimgeukia Ruwa, akamwuliza kwa Kiingereza kama kuna tofauti hiyo. Kiingereza hicho nilikifahamu. Ruwa akasema ipo, na kwamba aliijua siku ile ile. Shingo ya afisa ikawa kama vitambaa vya vile vijiti.

"Kwa nini hukuniambia?"

"Uliniambia hunihitaji, bwana."

Nilimtazama Ruwa. Uso wake ulikuwa umetulia.

Afisa akavuta kiti karibu na meza. "Basi semeni," akasema. "Mmoja mmoja."

Zamu yangu ilipofika nilisahau nusu ya niliyoyapanga tangu Aprili. Nilisema ya kusi na kaskazi. Nilisema ya sabuni na ya hoteli. Nilisema karatasi ya kuwauliza majirani isipoandikwa kwa lugha ya majirani haijawauliza. Kisha likanitoka ambalo sikulipanga: "Jirani husikilizwa kabla, bwana. Leo tanuu linawaka, nawe ndipo waja kutusikiliza. Ni kama daktari anayemwuliza maiti unaumwa wapi."

Ruwa alilitafsiri lote, hakulipunguza. Afisa akaandika. Tulipomaliza akamwamrisha Ruwa asome upya, kwa Kiswahili, neno la kila mtu, mwenyewe athibitishe. Sikuwahi kusomewa maneno yangu na mtu yeyote maishani mwangu. Nilisikia "Bi Florence Nyevu, dobi, asema," nikajifanya nakohoa kwa sababu ya moshi.

Akiondoka, afisa alisema anasikitika kwa usumbufu tulioupata. Watu thelathini na zaidi walikuwapo barazani. Hakuna aliyemjibu, hata Mzee Hadi.

Jumapili, 22 Juni

Kimya cha ofisi. Mvua hafifu usiku, si ya kujaza pipa.

Jumatatu, 30 Juni

Karatasi imekuja, kwa Kiingereza na kwa Kiswahili. Baruti imekatazwa upande wa huku wa kiwanja. Tanuu lisiwashwe mchana, liwashwe kuanzia magharibi mpaka alfajiri. Lakini tanuu lenyewe litabaki, "kwa kuwa limekwisha kujengwa". Kuhusu kisima, jambo hilo "litatazamwa".

Nimekaa nayo muda mrefu. Niliamini kwamba tukisikilizwa tutashinda, kumbe hayo ni mambo mawili. Hoteli haitarudi. Maji hayatoi povu. Lakini leo mchana, kwa mara ya kwanza tangu Mei, nimeanika nguo na zimekauka safi.

Karani aliyeileta ni mgeni. Nilipomwuliza habari za Ruwa akasema amehamishiwa Kipini. Huko, alivyoniambia, safari ni ya siku kadhaa na watoto wake hawana shule. Nimemwandikia barua. Sikujua niseme nini, nikamwambia alisoma vizuri.

Mzee Hadi naye amesomewa karatasi. Akasema, "Litatazamwa. Hilo si neno la mtu anayetazama." Kesho twaenda ofisini mimi na yeye, kuuliza nani atatazama na lini. Ametaka hivyo yeye kwanza.

Jumamosi, 5 Julai

Siku ya nne bila tone. Masika imekwisha. Ofisini wametuambia tena kwamba kisima kitatazamwa. Pipa moja limebaki na maji ya mvua, nusu.

Mchana nikasikia hodi. Thoya, na furushi kubwa begani, nguo za wavunja mawe na wachomaji, ngumu kwa chokaa kiasi kwamba furushi lilisimama lenyewe alipolitua mlangoni. Shingo yake na mikono imetoka malengelenge.

"Dada Nyevu," akasema. Sikulisikia lile jina jingine. "Chokaa hii yatutafuna. Tukifua wenyewe nguo zakatika, na ngozi yaungua vile vile. Watu ishirini na wawili. Wanasema kama si wewe basi hakuna mtu."

"Keti," nikamwambia.

"Nina haraka, filimbi ya saa tisa..."

"Keti, Thoya."

Akaketi kizingitini. Nikamwambia yote. Ya lori na matope, ya "povu li wapi", ya sabuni ya Jerioth, ya kidole cha msimamizi wa hoteli, ya vikombe vinne vya Mzee Hadi, ya Ruwa na watoto wake huko Kipini. Sikupandisha sauti. Nilipofika mwisho alikuwa anatazama miguu yake.

"Nimesikia," akasema.

"Hilo nililisikia Aprili, kwa mtu mwingine. Sasa nijibu. Chokaa haitoki kwa maji ya kisima, maji yenyewe yamekuwa chokaa. Hizi nitazifulia nini?"

Alilitazama pipa.

"Nitamwambia Bwana wa Kampuni," akasema mwisho.

"Usimwambie. Mlete. Watu ishirini na wawili wakiendelea na nguo hizi hawafiki Agosti wakiwa na ngozi ya kushikia nyundo, na hesabu hiyo hata yeye ataijua. Aje hapa, akae hapo ulipokaa, aonje kisima, atuambie maji safi yatatoka wapi. Mzee Hadi atakuwapo. Na karani aje, aandike."

"Na asipokuja?"

"Basi zivaeni hivyo hivyo."

Furushi sikulitia ndani, wala sikumwambia alichukue. Limekaa mlangoni huku naandika. Thoya aliinuka, akaniaga kwa heshima kamili, akarudi kule kwenye mawe akijikuna.